Kila Kipande cha Nguruwe Kina Mwenyewe

Mlicheka, wala siwalaumu. Jumapili ile hapa Manassas, mchungaji alipotupanga sisi wazee kwenye viti vya mbele ili ninyi vijana mtuulize tulifanya kazi gani tangu tufike Amerika, wenzangu walijibu majibu ya heshima. Huyu alikuwa muuguzi, yule dereva wa basi la shule, yule alilea wazee wa watu mpaka magoti yakakataa. Kipaza sauti kikanifikia nami nikasema, "Mimi nilikuwa nafuatilia nguruwe wa Ulaya." Kijana mmoja, sitamtaja, akauliza, "Auntie, so ulikuwa una-count nguruwe?" Kanisa zima likaangua kicheko. Binti yangu Wambui akajifunika uso kwa kitabu cha nyimbo.

Sikuwa nahesabu nguruwe. Kwenye ofisi ndogo pale Fairfax, ghorofa ya juu ya daktari wa meno, tuliandika ripoti kila wiki: Ulaya inafuga nguruwe wangapi, nani anawala, nani anamuuzia nani, na bei inaelekea wapi. Wanunuzi wa nyama wa nchi hii walisoma ripoti ile kabla ya kuagiza kontena. Kazi hiyo niliifanya tangu nywele zikiwa nyeusi mpaka mwaka huu nilipostaafu nikiwa na mvi kichwa kizima, na najivunia. Nalisema mapema ili msije mkanong'ona kwamba Mama Wambui anajisifu. Ndiyo, anajisifu.

Kwa kuwa pale kanisani kicheko kilikula muda wangu wote, nawaandikia. Nataka hasa kuwaambia habari ya duka la nyama la Mama Furaha, lile la karibu na stesheni, mnakopanga foleni Jumamosi kununua mbavu. Kuna mwaka lilibaki kidogo tu lifungwe, na aliyeambiwa aseme neno nilikuwa mimi. Lakini kwanza mwelewe nguruwe ni nini, maana mkisikia neno hilo mnafikiria sahani.

Aliyenifundisha aliitwa Pedersen, Mdenmark mmoja mkubwa kama kabati, aliyekuwa mchinjaji kwao kabla hajampenda mwanamke wa Virginia akamfuata huku. Siku zangu za kwanza ofisini nilikuja na cheti changu cha uchumi wa kilimo nilichosomea Kenya, nikiwa nimekiweka kwenye bahasha ya plastiki, nimenyooka kama niko gwaride. Pedersen hakukitazama. Aliniongoza hadi ukutani, ambako alikuwa amebandika karatasi kubwa ya kaki, ile ya kufungia nyama, na juu yake amechora nguruwe mzima kwa kalamu nene. Kila kiungo kilikuwa na jina la nchi. Paja, Italia. Mgongo, Uingereza. Nyama ya tumbo, Korea. Mbavu, Amerika. Miguu na masikio, China.

"Peninah," akaniambia, "hakuna kitu kinachoitwa bei ya nguruwe. Kuna watu wanaomla, na kila mmoja anataka kipande chake. Ukijua nani anakula nini, hutahitaji kubahatisha."

Nikacheka. Akaniuliza kilichonichekesha, nikamwambia kwamba hayo nilifundishwa na baba yangu nikiwa mtoto, ila kwa mbuzi. Kwetu Murang'a mbuzi wa sherehe hakatwi ovyo. Mwanamume mmoja anashika kisu, na kila kipande kina mwenyewe. Kichwa ni cha wazee. Mbavu wanapewa wageni. Masikio ni ya wasichana, ili wasikie wanapotumwa. Ukimpa mtu kipande kisicho chake, sherehe imeharibika, hata kama nyama ni ileile na imetoka mfupa uleule. Pedersen alisikiliza mpaka mwisho, akachukua kalamu yake, na kando ya neno China kwenye sikio akaandika: na wasichana wa Murang'a. Maneno hayo yalikaa ukutani miaka yote niliyofanya kazi pale, na wageni wakiuliza ni soko gani hilo, Pedersen alikuwa anawaambia kwa uso mkavu kwamba ni dogo lakini halijawahi kushuka.

Mama yangu hakufurahia sana. Nilipompigia simu kumwambia nimepata kazi ya ofisi, aliuliza ya nini, nikamwambia. Akasema, kwa matamshi ya kwetu Murang'a, "Kwa hivyo umepanda ndege, ukatuacha hapa tukilia, ukaenda kuandika habari za ngurwe?" Alichukua muda kuwatajia majirani.

Sasa nisikilizeni, maana hapa ndipo wengi hujikwaa. Pedersen alikuwa na mtihani aliompa kila mgeni wa kazi. Aliweka mezani bei za wiki za nchi tatu, Denmark, Ujerumani na Uhispania, akauliza mkulima yupi anaonewa. Wote walisema wa Denmark, kwa sababu bei yake ilikuwa chini daima. Mimi niliitazama bei ile nikamkumbuka baba na majani yake ya chai. Mnunuzi alimlipa kila mwezi kitu kidogo cha kununulia sabuni na sukari. Mgeni akiiona hela ile angemhurumia. Lakini mwaka ukiisha ilikuja bonasi, na bonasi ndiyo iliyonisomesha. Nikamuuliza Pedersen, "Hawa wakulima wana bonasi?" Akaweka kikombe chini. Wakulima wa Denmark ndio wenye machinjio, ushirika wao wenyewe, na mwisho wa mwaka wanagawana faida. Kwa hiyo bei mnayoiona kila wiki si malipo yao yote. "Umejuaje?" akaniuliza. Nikamwambia sisi wa chai tunajuana.

Mtego wa Uhispania nao ni mwingine. Mhispania anampima nguruwe akiwa hai, na kinyesi chake tumboni. Mjerumani anampima akiwa ameshatundikwa, hana damu wala matumbo. Ukilinganisha bei hizo mbili bila kurekebisha, utadhani Wahispania wanauza nguruwe wa wizi. Nimeona vijana wenye shahada mbili wakiandika ukurasa mzima wa maelezo kuhusu unafuu wa nguruwe wa Uhispania, unafuu ambao haukuwahi kuwepo. Basi kabla hamjalinganisha chochote, katika kazi yoyote mtakayoipata, ulizeni kwanza kimepimwaje. Itawaepusha aibu nyingi.

Pedersen mwenyewe hakuwa malaika. Siku moja alinipeleka mjini, mtaa wa Shaw, kwenye mgahawa wa mbavu unaojaa wanafunzi, akataka kunionyesha kwamba mchinjaji wa kweli anaweza kuutambua mfupa kwa ulimi. Akatafuna, akafumba macho, akanitangazia kwa sauti ya kuhubiri kwamba mbavu hizo ni za Jutland, kwao Denmark, na akataja hata jina la mfugaji. Mpishi akatoka jikoni akifuta mikono. "Mzee, hizi ni za Iowa, hapahapa Amerika," akasema. Pedersen alicheka mpaka akapaliwa, na tangu siku hiyo akiona natoa uhakika mwingi kwenye ripoti alikuwa ananiambia neno moja tu: "Iowa." Nilikuwa nafuta sentensi hiyo na kuiandika upya kwa adabu.

Mambo yalikuwa yakifanyika kwa mikono wakati ule. Bei zilikuja kwa faksi, karatasi zikijikunja sakafuni kama maganda. Kisha zikaja barua pepe, kisha mashine zikaanza kuchora michoro zenyewe, na sasa kuna programu inayoandika aya nzima kabla hujamaliza chai yako. Sizichukii. Lakini mashine haimpigii simu dereva wa lori la nguruwe kumuuliza foleni ikoje mlangoni mwa machinjio. Mimi nilikuwa napiga. Nilikuwa na watu wangu: Agnieszka mwenye ghala la baridi Poland, bwana mmoja wa Uholanzi aliyepiga chafya kila sentensi, na mama mkali wa Ujerumani ambaye hakuwahi kunisalimia lakini hakuwahi kunidanganya.

Nao walinifundisha kitu ambacho nikibaki na kimoja tu cha kuwarithisha, ni hiki: acheni kwanza bei, tazameni uzito. Nguruwe anayefaa kuchinjwa asipochinjwa haachi kula. Anangoja zizini, anakula, ananenepa. Kwa hiyo ukiona uzito wa nguruwe wanaochinjwa unapanda kila wiki, jua kuna foleni nyuma yao, na foleni ikishakuwa ndefu bei itashuka, hata magazeti yaseme nini.

Katika miaka hiyo nimeona Ulaya ikibadilika mbele ya macho yangu. Nilipoanza, Mjerumani alikuwa mfalme wa nguruwe. Alifuga wengi kuliko wote na alikula kila siku, na jua likitoka mwezi wa tano aliwasha jiko la nje achome nyama, bei ikapanda, ndiyo maana nilikuwa nasoma utabiri wa hali ya hewa wa Ujerumani kuliko wa Virginia. Siku hizi watoto wake wanataka kuku na maharagwe, wafugaji wake wamezeeka, na Mhispania amempita. Mdenmark anapeleka watoto wa nguruwe Poland wakanenepeshwe huko. Mholanzi anapunguza mazizi kwa sababu samadi imeizidi ardhi yake. Na nje ya Ulaya, mlaji mkubwa akawa China, hasa wa vile vipande ambavyo Mzungu hataki kuviona mezani. Ulaya nzima ikaanza kutegemea mlango mmoja kwa ajili ya masikio na miguu. Pedersen aliyaona hayo mapema, akasema kabla ya kustaafu, "Siku mlango huo ukifungwa, Peninah, usimtazame nguruwe aliyekufa. Mtazame aliye hai ambaye hana pa kwenda."

Alistaafu, na baada ya muda alifariki. Nilimlilia kama mtu wa kwetu. Mlango ulipofungwa hakuwepo.

Ilikuwa wakati wa korona, mnakumbuka tulivyokuwa tukiabudu ndani ya magari pale uwanjani. Nguruwe mwitu alikutwa amekufa kwenye misitu ya Ujerumani, mashariki kule mpakani, na alikuwa na homa ya nguruwe. Homa hiyo haimdhuru binadamu, lakini nguruwe inamfyeka. Mara moja China na nchi nyingine za Asia zikakataa nyama ya Ujerumani. Huku kwetu magazeti yalipiga kelele: homa Ulaya, nyama itaadimika. Bei za Amerika zikaanza kupanda, kwa sababu kila mtu alijua China sasa itakuja kununua kwetu.

Mama Furaha mnamfahamu. Mwanamke wa Bukavu aliyefika hapa kupitia kambi ya wakimbizi, akafagia ofisi za watu, akaosha wazee wa watu, akafungua duka na mumewe, Papa Déo. Kila alichokuwa nacho duniani kilikuwa ndani ya friza zile. Jumamosi walikuja Wakongo wakiulizia ngulube, Watanzania wakiulizia kitimoto, Wakenya wakiulizia poku, na wote walitoka na mbavu zilezile. Jioni moja alikuja nyumbani kwangu, akasimama nje ya mlango na barakoa yake, akakataa kuketi.

"Mama Wambui," akasema, "huyu monsieur wa kutuuzia nyama ya jumla amekuja. Anataka tusaini contrat ya mwaka muzima, na bei yenye iko juu vile. Anasema kama hatusaini mbele ya vendredi, Ijumaa hii, mbavu zitakwisha Amerika yote. Miye sijue mambo ya Ulaya. Miye najua batu banakuja samedi banataka mbavu. Niko nafanya namna gani?"

"Bei hiyo unaiweza?"

"Mwezi, ndiyo. Mwaka, non. Mwaka tunafunga. Lakini nikikosa mbavu, pia tunafunga."

Nikamwambia anipe mpaka Alhamisi. Alinishika kiwiko, jambo ambalo korona ilikuwa imekataza, akaenda zake.

Siku zile nilipiga simu mpaka sikio likawa moto. Yule mama wa Ujerumani aliniambia, bila salamu, kwamba machinjio yao yalikuwa tayari yanakwenda polepole kwa sababu wafanyakazi wanaugua korona, na sasa mlango wa Asia umefungwa juu yake. Nikamuuliza uzito. Akanitajia wa wiki ile na wa wiki iliyopita na wa kabla yake. Ulikuwa unapanda tu. Wale nguruwe walikuwa zizini wanakula na kunenepa. Nyama yao isingeweza kwenda China, kwa hiyo ingebaki Ulaya, ingeingia kwa majirani, na majirani wangelazimika kutafuta wa kumuuzia vipande vyao wenyewe. Mbavu za Mpolandi na za Mholanzi zingeshuka bei, na mlaji mkubwa wa mbavu ni Amerika. Ni suala la meli kufika bandarini Norfolk. Magazeti yalikuwa yanamlilia nguruwe aliyekufa msituni. Mimi nilikuwa nawaona walio hai.

Jumatano nilikwenda kwa Bi Diane, mkuu wa ofisi yetu baada ya Pedersen. Nikamwambia nataka ripoti ya wiki iseme wanunuzi wa mbavu wasikimbilie mikataba mirefu. Akavua miwani. Akanikumbusha kwamba wauzaji wengine wa jumla wanaouza kwa hofu ile ni wateja wetu, na kwamba ripoti nyingine zote mjini zinasema nunua sasa.

"Ukikosea?" akauliza.

"Nikikosea nimekosea kwa sababu ninayoweza kuionyesha."

"Jina juu ya ukurasa litakuwa lako, Peninah. Si la ofisi."

"Liwe langu," nikasema.

Mnaweza kuuliza kwa nini sikumnong'oneza Furaha tu, nikaiacha ripoti. Kwa sababu sikutaka kumpa rafiki yangu neno ambalo sithubutu kuliandika mbele ya watu. Kama halifai kwa wote, halikumfaa yeye. Hilo nalo lichukueni mtakapoanza kazi.

Ripoti ikatoka Alhamisi, jina langu juu. Nikaenda dukani nikamwambia Furaha, "Usi-sign. Nunua wiki kwa wiki, hata kama ni ghali, na uvumilie. Meli zikifika utanishukuru." Papa Déo alikuwa anakata nyama nyuma ya kioo. Kisu kilisimama. Furaha akasema, "Sawa, dada. Nimekusikia."

Enyi wanangu, kusema neno ni rahisi. Kungoja litimie ndiko kunakomaliza mtu. Bei haikushuka wiki iliyofuata, wala ile ya baadaye. Ilipanda. Furaha alinunua wiki kwa wiki, na kila wiki ilimuuma zaidi. Friza moja aliizima kwa kukosa cha kuweka. Shemeji yake aliyekuwa akimsaidia kukata nyama alipunguziwa siku. Watu walianza kusema, na waliokuwa wakisema ni watu wetu wenyewe: Mama Wambui na nguruwe zake za kwenye karatasi amemponza mwenzake. Jumapili tulipoegesha magari kwa ajili ya ibada, Furaha aliegesha mbali na mimi. Niliona nyuma ya kichwa chake kupitia vioo viwili, na ibada ile sikusikia neno. Niliogopa. Sikuogopa kupoteza kazi, ingawa ningeweza kuipoteza. Niliogopa kupita mbele ya duka lile nikute karatasi ya gazeti imebandikwa dirishani, duka limefungwa.

Wambui, ambaye alikuwa shule ya sekondari wakati huo, aliniona nimekaa jikoni nimeshika simu bila kuipiga. "Mom, can't you just say sorry?" akaniuliza. Nikamwambia, "Nisamehewe nini? Uzito bado unapanda." Akanitazama kama mtu aliyeona mama yake ameanza kuchanganyikiwa. Kila asubuhi niliutazama uzito, na kila asubuhi nguruwe wa Ujerumani walikuwa wamenenepa.

Kisha Agnieszka akanipigia kutoka Poland, yeye ambaye siku zote ni mimi ninayempigia. Ghala lake la baridi lilikuwa limejaa mpaka mlangoni, na alitaka kujua kama namjua mtu Amerika anayetaka mbavu, yeyote, kwa bei ya kusikilizana. Niliweka simu chini nikasimama katikati ya ofisi nikapiga kigelegele. Daktari wa meno wa ghorofa ya chini alituma msichana aje kuuliza kama kuna mtu ameumia.

Kontena zilifika Norfolk, moja baada ya nyingine. Na siku moja mchana simu yangu ikalia.

"Mama Wambui!" Alikuwa anapiga kelele juu ya sauti ya mashine ya kukatia mifupa. "Ule monsieur amerudi! Ameshusha bei yeye mwenyewe, sijamuomba! Anauliza, madame, wewe unataka tuandike ngapi? Miye! Ananiuliza miye!"

"Ukamwambia nini?"

"Nimemuambia angoje kwanza, niko nauzia mutu mbavu."

Tulicheka mpaka tukalia, tena kulia kwenyewe kulizidi kucheka. Nawafahamu wawili waliosaini siku zile za hofu. Mmoja alifunga, mwingine aliponea chupuchupu. Furaha aliiwasha tena ile friza iliyozimwa, shemeji akarudi kwenye siku zake, na mwaka uliofuata akachukua chumba cha jirani. Ndiko mnakopangia foleni sasa. Bi Diane aliacha jina langu juu ya ripoti tangu wiki ile, na lilikaa hapo mpaka nilipoondoka.

Soko halijatulia, na halitatulia. Karibuni hivi homa imewafikia nguruwe mwitu wa Uhispania, mfalme mpya. China imeweka ushuru wake, Amerika nayo imeweka wake. Wanaonirithi ofisini wananipigia kuuliza, nami nawauliza swali lilelile: uzito ukoje?

Sasa nimalize na sherehe, maana wengi wenu mlikuwepo. Nilipostaafu, Papa Déo alichoma nguruwe mzima nyuma ya duka. Nilikuja na karatasi ya kaki ya Pedersen, waliyoitoa ukutani wakanipa, nikaitandika mezani chini ya sinia. Mnamjua Mzee Njoroge, ambaye hakuna sherehe ya Wakenya hapa Virginia iliyochinjwa mbuzi asishike kisu yeye. Hata arusi ya mwanangu hakuruhusu mtu mwingine kukigusa. Kwetu kisu hicho ni cha wanaume, na Mzee Njoroge ni mtu wa mila. Alikinoa, akakitazama makali, akauzunguka mlima ule wa nyama. Kisha akaja akasimama mbele yangu, akakigeuza, akaninyooshea mpini.

"Mama Wambui," akasema, "sisi tunajua vipande vya mbuzi. Huyu ni wako. Gawa wewe."

Hapakuwa na aliyecheka. Nikakipokea. Nikagawa. Kichwa niliwapa wazee, na Mzee Njoroge wa kwanza. Mgongo nilimpa Bi Diane, aliyekuwa amekuja na viatu visivyofaa kwenye changarawe. Mbavu zote nilimpa Furaha, na akazipokea kwa mikono miwili, akazishika kifuani bila kujali gauni.

Zikabaki masikio. Mlikuwa mmesimama kando na simu zenu, ninyi wasichana wote, Wambui akiwa mbele. Niliyakata vipande vidogo ili kila mmoja apate, na wavulana nao waliponung'unika nikawakatia, maana huku ni Virginia. Wambui alitazama kipande chake, kisha akatazama karatasi chini ya sinia, pale mafuta yalipokuwa yakienea taratibu juu ya mwandiko wa mzee yule, akausoma kwa kidole. "Mom," akauliza, "wasichana wa Murang'a... that's us?"

"Ni ninyi," nikamwambia. "Kula, usikie."

Akala.